Bahari Tunayo, Kitanda Melini Hatuna

Dar es Salaam mwanamume anaweza kuitwa baharia kutwa nzima bila kukanyaga hata pantoni ya Kigamboni. Muuza kava za simu Kariakoo ni baharia. Kondakta wa daladala ni baharia, mwendesha bodaboda naye baharia, na bwana harusi akisindikizwa ukumbini rafiki zake husema leo baharia katia nanga. Aliyeingia ukumbini humo bila kadi amezamia. Kesho yake asubuhi mama anayesafisha ukumbi anapiga deki, ingawa sitaha ya meli hajaiona maishani mwake.

Maneno hayo yalipanda mjini kutoka bandarini, yakaingia vijiweni na majumbani, na leo ni ya kila mtu. Wenye maneno ndio wamepungua. Siku hizi ukitaka kumpata baharia wa kupanda na kushuka, mtu anayekula na kulala kwa kazi ya meli ya masafa, lazima uulizie.

Mimi nililijua neno hili katika maana yake ya kwanza. Kaka yake mama alikuwa baharia, na nyumbani kwetu mwaka ulihesabiwa kwa safari zake. Alipokuwa majini, bibi aliisikiliza taarifa ya hali ya hewa redioni mpaka mwisho, hata zile sehemu za bahari ambazo hakujua ziko upande gani wa dunia. Akirudi, nyumba nzima ilinukia sabuni za ugenini, na watoto wa mtaa walikuja kumkodolea macho mtu aliyefika Hamburg.

Katika vitu vyote alivyokuja navyo, alichokithamini zaidi kilikuwa kijitabu cha jalada gumu alichokizungushia mfuko wa nailoni kisipate unyevu. Kitabu cha ubaharia. Kila mstari una jina la meli, uzito wake, cheo alichoshika, tarehe na bandari aliyopandia, tarehe na bandari aliyoshukia, na mwishoni muhuri wa nahodha kuhusu uwezo na mwenendo wake. Mihuri ya mjomba yote inasema vizuri sana. Shule hakufika mbali, lakini kijitabu hicho kilikuwa shahada yake, na aliijua kwa moyo.

Aliingiaje melini? Alianza kama kibarua wa kupakua shehena, akazoeana na sarahangi, msimamizi wa mabaharia, wa meli moja iliyokaa gatini majuma mawili. Siku moja mtu wa chumba cha injini akaugua, akaachwa hospitali, na meli ilikuwa inang'oa nanga usiku. Mjomba alitoka nyumbani asubuhi akienda kibarua. Jioni alimtuma mtu aje kumchukulia shuka na mswaki. Walimwona tena baada ya miezi kumi na minne.

Njia hiyo haikuanza kwake. Katika karne ya 19, manowari za Waingereza zilizopiga doria mwambao huu dhidi ya biashara ya watumwa zilichukua vijana wa Unguja na pwani, zikawaandika vitabuni kwa jina la pamoja, "seedie", na wengi wao kazi yao ilikuwa kuchochea makaa. Joto la pale chini mbele ya matanuri, katika Bahari ya Shamu mwezi wa Agosti, ni jambo ambalo hata kulifikiria kunakausha koo. Lakini vijana walikwenda, na waliorudi walileta mshahara na habari. Kwa zaidi ya miaka mia moja hivyo ndivyo mtu wa pwani alivyopata ubaharia: alimfuata anayemjua, akapanda, akajifunza huko huko juu ya maji.

Baada ya uhuru tulijaribu kuwa na meli zetu. Mwaka 1966 nchi nne zilianzisha kampuni ya pamoja, Eastern African National Shipping Line: Tanzania, Kenya, Uganda na Zambia. Iangalie vizuri orodha hiyo, mbili kati ya hizo hazina hata shubiri ya pwani. Meli zake ziliitwa Harambee, Ujamaa, Uganda na Mulungushi, kila nchi ikiwa na jina lake majini. Mwaka uliofuata Tanzania na China zikaunda kampuni yao ya ubia, Sinotaship. Kisha Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika mwaka 1977, na ile kampuni ya nchi nne haikukaa sana. Ilipofika 1980 ilikuwa imefungwa.

Wanauchumi wakiitaja kampuni ile huhesabu hasara. Mimi nahesabu vitanda.

Mtu wa nchi kavu huenda asielewe uzito wa neno hilo. Melini kila mtu ana kitanda chake na nafasi yake katika boti ya kuokolea maisha, na idadi ya watu hao imewekewa kikomo na cheti cha usalama cha meli. Hakuna kubanana kama kwenye daladala. Kama boti na vifaa vya kujiokolea ni vya watu 25, wa 26 hapandi. Na kwa kuwa kila mdomo ni gharama, mwenye meli hujaza kwanza wale anaolazimishwa na sheria kuwa nao, yaani nahodha, maafisa, wahandisi, mabaharia wa sitaha na wa injini, mpishi. Mwanafunzi hufikiriwa mwisho. Nchi yenye meli zake huweza kuamua kwamba vitanda viwili katika kila meli ni vya wanafunzi. Nchi isiyo na meli hubisha hodi kwa wenzake.

Wakati sisi tunafunga kampuni, dunia ilikuwa inafunga mlango wa aina nyingine. Mkataba wa kimataifa wa mafunzo, vyeti na zamu za mabaharia, unaojulikana kwa herufi zake STCW, ulipitishwa mwaka 1978. Mwaka 1995 uliandikwa karibu upya, na baada ya tarehe 1 Februari 2002 hapakuwa na kisingizio tena: kila baharia wa meli ya kimataifa alitakiwa kuwa na vyeti vya utaratibu mpya. Shirika la Kimataifa la Bahari, IMO, likapewa mamlaka ya kukagua mafunzo ya kila nchi na kutoa orodha ya zilizotimiza masharti. Mabaharia waliiita orodha nyeupe. Kenya iliingia mwaka 2010. Kabla ya hapo kijana wa Mombasa aliyesomea nyumbani alishika karatasi ambayo wenye meli wengi wa nje waliigeuza huku na huku, kisha wakamrudishia.

Mlango wa tatu ulikuwa geti lenyewe. Baada ya mashambulizi ya Septemba 2001 huko Marekani, dunia ilipitisha kanuni mpya za ulinzi wa meli na bandari, zikaanza kutumika tarehe 1 Julai 2004. Uzio ukapanda, kamera zikafungwa, kitambulisho kikawa lazima, na juu ya ngazi ya meli akawekwa mtu wa kuandika kila anayepanda. Kanuni hizo zina sababu zake na sizilaumu. Ila siku hiyo ndiyo njia ya mjomba, ya kuzoeana na sarahangi na kusubiri mtu augue, ilipozikwa.

Kwa hiyo sasa kila kitu kinaanzia chuoni. Vyuo tunavyo. Chuo cha Bahari cha Dar es Salaam, DMI, kilianza mwaka 1978 kama kitengo kidogo cha mafunzo, kikawa taasisi kamili kwa sheria ya mwaka 1991. Mombasa kuna chuo cha bandari, ambacho siku hizi kinaitwa Bandari Maritime Academy. Anayeingia, awe anaelekea usukani au jikoni, huanza na mafunzo ya msingi ya usalama: kujiokoa majini, kuzima moto, huduma ya kwanza, usalama wake na wa wenzake, na ulinzi wa meli. Anaruka kutoka juu akiwa amevaa jaketi la kujiokolea, mkono mmoja umeziba pua, mwingine umelishika jaketi lisimpige kidevu. Anajifunza kulipindua boya la mpira lililojifudikiza, akilikanyaga upande mmoja na kuuvuta mkanda kwa uzito wa mwili wake wote. Anaingia kwenye chumba chenye moshi na mtungi wa hewa mgongoni, akipapasa ukuta. Wapo wanaodhani kuogelea Coco Beach kunatosha. Maji usiyoyafika hujui wingi wake.

Anayetaka kuwa afisa husoma zaidi: hesabu za mwendo, ramani za bahari, uthabiti wa chombo, rada, sheria za kuepusha migongano, na akiwa upande wa injini, mitambo kuanzia dizeli kubwa mpaka majokofu. Hayo yote chuo kinaweza kumpa. Ambacho hakiwezi kumpa ni bahari. Mkataba unadai anayetaka cheti cha afisa wa zamu ya usukani awe ametumikia melini miezi isiyopungua 12 chini ya mpango wa mafunzo, akiwa na daftari maalumu ambalo kila kazi aliyojifunza inasainiwa na afisa na kuthibitishwa na nahodha. Akikosa mpango huo, anatakiwa miezi 36. Mhandisi naye ana miezi yake ya karakana na ya meli. Bila saini hizo, miaka ya darasani haimfikishi kwenye cheti cha uafisa.

Mtoto wa jirani yangu analo daftari hilo. Mama yake humwita Kapteni, kwa mapenzi na kwa dua, tangu siku alipovaa sare nyeupe ya kadeti. Amemaliza masomo. Jina lake lipo ukurasa wa kwanza kwa mwandiko mzuri, picha imebandikwa, muhuri wa chuo upo. Kuanzia ukurasa wa pili, kweupe. Kwa sasa anaendesha bodaboda ya mtu kwa hesabu ya siku.

Linaloniuma zaidi katika habari yake ni jambo ambalo sikulijua mpaka aliponieleza. Karatasi za baharia zina saa ndani yake. Cheti cha afya kinadumu miaka 2 tu. Mafunzo ya kujiokoa na ya kuzima moto ni lazima yahuishwe kila baada ya miaka 5. Kwa hiyo anayesubiri kitanda hasubiri bure. Anapimwa tena, analipa tena, na siku meli itakapopatikana anaweza kuambiwa cheti kimoja kimepitwa kwa mwezi. Amekwisha kupimwa afya mara mbili kwa ajili ya meli ambayo hajaiona.

Na hapo ndipo wanapoingia mawakala. Mmoja alimtumia barua yenye nembo ya kampuni kubwa ya meli za watalii, mshahara umetajwa, tarehe ya kuripoti imetajwa, bandari ya kupandia imetajwa. Kilichobaki, aliambiwa, ni ada ya viza na ya "kuandaa mkataba". Mama yake aliuza cherehani. Wakala alipokea fedha, akaomba nyingine ya bima, kisha namba yake haikupatikana tena. Nilipoiona barua ile niliona imetoka kwenye anwani ya barua pepe ya bure, ya aina anayoweza kufungua mtu yeyote kwa dakika moja.

Kila mzazi wa pwani mwenye kijana anayetaka meli na alijue hili. Mkataba wa kazi za mabaharia wa mwaka 2006, ulioanza kutumika Agosti 2013, na ambao Kenya iliuridhia mwaka 2014 na Tanzania mwaka 2019, unakataza baharia kutozwa ada ya kutafutiwa kazi. Anachoweza kujilipia ni cheti cha afya, kitabu cha ubaharia na pasipoti. Viza ni juu ya mwenye meli. Anayedai ada ya kazi anavunja sheria hata kama kazi ipo kweli. Kabla ya kumpa mtu senti moja, nenda kwa wadhibiti wa usafiri wa majini, TASAC kwa Bara, Mamlaka ya Usafiri wa Baharini kwa Zanzibar, au Kenya Maritime Authority kwa Kenya, uulize kama wakala huyo ana leseni. Swali hilo lingeokoa cherehani.

Sasa tuseme kitanda kimepatikana. Kazi yenyewe ikoje?

Siku ya melini imekatwa vipande vya saa nne. Katika mpango wa kawaida mtu hushika zamu saa nne, hupumzika saa nane, kisha hushika tena saa nne, mchana na usiku, Ijumaa na Jumapili, Idi na Krismasi. Zamu ya saa sita usiku mpaka saa kumi alfajiri ndiyo inayomjua mtu. Juu ya zamu kuna kazi nyingine: kugonga kutu na kupaka rangi, kusugua ngama iliyobeba makaa ili ibebe nafaka, kufunga kamba za gati kwenye mvua, kufungua pistoni ya mtambo wenye ukubwa wa nyumba. Sheria inasema mapumziko yasipungue saa 10 katika kila saa 24, na saa 77 katika siku saba. Meli ikiingia bandari tatu kwa juma, saa hizo huandikwa vizuri kwenye karatasi kuliko zinavyolalwa.

Zamani fidia ya yote hayo ilikuwa kushuka. Meli za mizigo ya mchanganyiko zilikaa gatini wiki, hata mbili, na mjomba aliijua mitaa ya Karachi na Marseille kama alivyoijua ya Kariakoo. Kontena liliyafuta hayo. Meli ya leo inaingia na kutoka kwa siku moja, mara nyingine pungufu, na gati lenyewe liko mbali na mji. Watu nao wamepungua: kazi iliyofanywa na 40 sasa inafanywa na 20 na ushee. Kuna mabaharia wanaoizunguka dunia mara mbili kwa mkataba mmoja na hawajakanyaga mchanga. Intaneti imesaidia, na tangu Desemba 2024 ule mkataba wa 2006 unawadai wenye meli wawape mabaharia mawasiliano ya kijamii kwa kadiri inavyowezekana. Bibi yangu angelipa chochote kwa simu moja ya picha. Yeye alipofariki, mjomba alikuwa Santos, Brazili. Habari ilimfikia siku ya kumi na moja, na hakuizungumzia tena mpaka alipostaafu.

Mshahara? Kima cha chini cha kimataifa kwa baharia wa sitaha aliyehitimu, kinachokubaliwa chini ya Shirika la Kazi Duniani, kilifika dola 673 kwa mwezi Januari 2025, kabla ya saa za ziada na malipo ya likizo. Anapokuwa majini hatozwi chakula wala malazi. Maafisa hupata mara kadhaa ya hapo. Ufilipino, ambako ubaharia ni nguzo ya taifa, utaratibu wa serikali humtaka baharia apeleke nyumbani angalau asilimia 80 ya mshahara wake wa msingi, na nyumba nyingi za huko zimejengwa kwa mtindo huo, tofali kwa tofali.

Hatari zipo, na hazikuanza jana. Juni 2005 meli ya Semlow, iliyotoka Mombasa na mchele wa msaada wa Umoja wa Mataifa kwa ajili ya Somalia, ilitekwa na maharamia. Wengi wa waliokuwemo walikuwa Wakenya, nao walikaa mikononi mwa watekaji takribani miezi mitatu. Mwaka 2020, bandari zilipofungwa kwa korona, mabaharia wapatao 400,000 duniani walikwama melini baada ya mikataba yao kwisha. Kuna na hatari isiyopigiwa kelele: mwenye meli kufilisika na kuwatelekeza watu wake nangani, bila mshahara, bila maji ya kunywa, bila mafuta ya kuwasha taa. Tangu Januari 2017 meli zinatakiwa kuwa na dhamana ya fedha kwa ajili hiyo, inayolipa mishahara ya hadi miezi minne na nauli ya kurudi kwao. Baharia asiyelijua hilo hukaa akisubiri huruma.

Pamoja na yote hayo, kazi hii ina watu. Mwaka 2021 vyama vya wenye meli duniani vilikadiria mabaharia milioni 1.89, na vikasema maafisa hawatoshi: walipungua 26,240, na kufikia 2026 wangehitajika wengine 89,510. Wanawake walikuwa kama asilimia 1.2 tu ya wote, idadi ambayo kwa binti wa Tanga au Kilifi ni kikwazo cha pili juu ya kile cha kwanza. Hebu ziweke taarifa hizi mbili pamoja. Dunia inalia haina maafisa, na mtoto wa jirani yangu ana daftari tupu. Kila mwenye meli anamtaka afisa aliyekwisha kuiva. Wa kumbeba akiwa mbichi haonekani.

Nchi nyingine zimelitatua hili kwa amri. Uingereza ilipoweka kodi nafuu kwa kampuni za meli mwaka 2000, ilizifunga kwa sharti: kila nafasi 15 za maafisa, mwanafunzi mmoja mpya kila mwaka. India ilifanya jambo la namna hiyo mwaka 2004. Unafuu wa kodi ulinunua vitanda.

Sisi tulikuwa na kitu cha kununulia, tukakitoa bure. Kwa miaka mingi meli za kigeni zilisajiliwa Zanzibar zikapeperusha bendera ya Tanzania baharini, wenye nazo wakiwa mbali na hapa. Tukaisikia bendera hiyo kwa aibu: mwaka 2012 kwa meli za mafuta za Iran, na Januari 2018 serikali ilipolazimika kusimamisha kwa muda usajili wa meli za nje baada ya baadhi kukamatwa na dawa za kulevya na silaha. Mambo hayo yalipojadiliwa nilisubiri mtu aulize swali moja. Katika meli hizo zote zenye rangi zetu kwenye shetri, kulikuwa na makadeti wetu wangapi? Bendera ni mali. Anayeitaka angetoa vitanda viwili.

Na mzigo nao ni mali. Tanzania huagiza mafuta kwa pamoja kupitia wakala wa serikali, kwa zabuni, na meli zinakuja mwezi baada ya mwezi mpaka Dar es Salaam, Tanga na Mtwara. Sharti moja katika zabuni hiyo, kwamba kampuni inayoshinda ichukue idadi fulani ya makadeti kutoka vyuo vyetu katika meli zake zozote, lingeongeza nini kwenye bei ya lita? Sioni jinsi mwenye pampu angeligundua. Kenya nayo huagiza mafuta yake, Uganda huagiza yake yanayopita bandari zetu. Zile nchi nne za mwaka 1966 bado zinaagiza shehena kila siku.

Milango halali ikifungwa watu hutafuta tundu, na tundu letu lina jina. Kuzamia. Kwa miongo kadhaa vijana wa Dar es Salaam na Tanga wamejificha kwenye ngama, kwenye minyororo ya nanga, juu ya usukani chini ya meli, wakitumaini Ulaya au Amerika. Wengine walifia humo kwa njaa, kwa sumu ya kuulia wadudu wa nafaka, kwa kuanguka. Wengine waliishia Cape Town, ambako Watanzania wamekuwa wakiishi chini ya madaraja karibu na bandari wakivizia meli, na huko wanajiita mabaharia. Nimewasikia watu wakiwacheka kwa jina hilo. Mimi naona wanaitafuta njia ileile ya mjomba, baada ya kuzibwa.

Wapo mabaharia wengine ambao mkataba wa 2006 wenyewe umewaweka kando kwa maandishi. Unasema hauhusu vyombo vya asili, na ukaona vyema kutoa mfano, jahazi. Yaani yule mtu wa Lamu, wa Nungwi, wa Mafia, anayejua kaskazi na kusi kwa ngozi yake, anayetweka tanga kwa kamba ya nazi na kupakia saruji, boriti na chumvi, ambaye kwa ajili yake lugha yetu ina maneno omo, tezi, joshi na demani, hayumo. Hana saa 77, hana dhamana ya miezi minne. Meli zinazotembea maji ya ndani pekee nazo hazimo, kwa hiyo baharia wa Ziwa Victoria au Tanganyika, hata akiwa juu ya Liemba iliyojengwa mwaka 1913, anategemea sheria za nchi yake tu. Majina ya vyombo vilivyozama, Bukoba, 1996, Spice Islander, 2011, na Nyerere, 2018, tunayakumbuka kwa abiria tuliowazika. Wafanyakazi wa vyombo hivyo nao walikuwemo, na kila baada ya msiba tuliunda tume kuhusu idadi ya abiria. Kuhusu mishahara, mapumziko na mafunzo ya wanaoviendesha, tumesema kidogo mno. Baharia anayelala kwa saa nne tu na kulipwa akikumbukwa hana nguvu ya kumwambia tajiri kwamba chombo kimejaa.

Mwezi uliopita mtoto wa jirani alikuja nyumbani kunirudishia ngazi niliyowaazima. Alisema shikamoo mjomba, nikamwitikia, nikamkaribisha chai. Nikaingia ndani nikamtolea kile kijitabu cha marehemu mjomba, bado kimo katika nailoni yake. Alifuta mikono kwenye suruali kabla ya kukipokea. Alikisoma mstari kwa mstari, akitaja majina ya meli kwa sauti ya chini, uzito wake, bandari zake, kama mtu anayehesabu tasbihi. Kwenye mihuri alipita na kidole.

Alipofika mwisho alirudi ukurasa wa kwanza, akauliza marehemu alipandaje ile ya mwanzo. Nikamsimulia habari ya kibarua, ya sarahangi, ya mtu wa injini aliyeachwa hospitali, ya shuka na mswaki. Akanyamaza kidogo.

"Kwa hiyo mjomba, geti lilikuwa wazi?"

Nikamwambia lilikuwa wazi.